Uzi maalum: Injini za ndege za mabomu za masafa marefu, kwa nini yenye msukumo mwingi siyo lazima ifike mbali

Fundi wa Raskazone (mleta uzi)

Wakuu salaam, natumai mu wazima nyote.

Kumekuwa na ubishi mkali wa ndege ipi ya mabomu ni kiboko, na kila mchangiaji anashusha msukumo wa injini kama msimamo wa ligi. Tu-160 ya Urusi tani 100, B-52 ya Marekani tani 61, B-2 tani 31, basi bingwa kapatikana na mjadala umefungwa. Mimi ni fundi wa mashine za meli hapa Tanga, na injini za ndege nazisoma kwa mapenzi tangu nikiwa shule. Ubishi wa aina hii unanikera kwa sababu unaliruka swali lenyewe. Ndege inayotakiwa kuvuka bara na bahari, kazi yake haiamuliwi na ukubwa wa msukumo. Inaamuliwa na mafuta inayokula ili kuupata huo msukumo, saa baada ya saa. Uzi ni mrefu, mnivumilie.

Injini yoyote ya ndege, iwe ya pangaboi au ya jeti, inakamata hewa ya mbele na kuitupa nyuma kwa kasi kubwa kuliko ilivyoingia. Msukumo ni wingi wa hewa inayotupwa kila sekunde, mara kasi iliyoongezewa. Kwa hiyo tani zile zile za msukumo unaweza kuzipata kwa hewa kidogo iliyotupwa kwa kasi kali, au kwa hewa nyingi iliyosukumwa kwa kasi ya wastani. Bei ndiyo inayotofautiana, maana nishati inapanda kwa kipeo cha pili cha kasi. Hewa ikitoka nyuma kwa kasi inayoizidi mno kasi ya ndege, imeondoka na mafuta yako.

Wenzangu wa bandarini wanalijua hili kwa macho. Tagi, ile meli ndogo ya kuvuta meli kubwa, ina rafadha kubwa inayozunguka taratibu, na inaisogeza meli iliyosheheni. Boti ya kasi ina rafadha ndogo inayozunguka kwa fujo. Ipe boti ya kasi kazi ya tagi uone: petroli itaisha na meli iko pale pale.

Sasa twende kwa B-52. Iliruka kwa mara ya kwanza mwaka 1952, na matoleo yake ya mwanzo hadi G yalikuwa na injini 8 za J57. Hizo ni turbojeti, yaani hewa yote inayoingia inapita kwenye moto. Kwa wakati wake zilikuwa injini bora sana, lakini ndege ikijazwa mafuta na mabomu hazikutosha kuinyanyua. Wakawa wanapuliza maji ndani ya injini wakati wa kuruka. Maji yanaipoza hewa, hewa iliyopoa inashikamana zaidi, na mvuke unaongeza uzito wa kinachotupwa nyuma. Kwenye B-52G kila injini ilitoka pauni 11,200 za msukumo ikafika 13,750. Ule moshi mweusi mnaouona kwenye picha za zamani unatoka hapo, kwani maji yanaupoza moto na mafuta hayaungui yakaisha.

Toleo la H, ambalo ndege zake za mwisho zilikabidhiwa mwaka 1962 na ndilo linaloruka mpaka leo, lilibadilishwa injini. Likaja na TF33, ambayo ni turbofeni: mbele kuna feni, na hewa kama mara 1.4 ya ile inayoingia motoni inapita pembeni bila kuguswa na moto. Msukumo ukawa pauni 17,000 kwa kila injini, karibu tani 7.7, bila tone la maji. Na umbali ukaongezeka, zaidi ya km 14,000 bila kuongezewa mafuta angani. Hapo msukumo ulipanda na ulaji wa mafuta kwa kila tani ya msukumo ukashuka, vyote kwa pamoja, kwa sababu njia ya kuisukuma hewa ilibadilika.

Kuna ndugu aliuliza kule kwenye uzi mwingine, inakuwaje ndege ya tani 221 inapaa kwa msukumo wa tani 61. Inapaa vizuri kabisa, kwa sababu uzito unabebwa na mabawa. Injini inapambana na ukinzani wa hewa peke yake. Bawa la B-52 lina mapana ya mita 56, na likiwa angani katika mwendo wa safari, kwa kila tani 20 hivi za uzito ukinzani ni tani 1. Ndege ikiwa na tani 160 inahitaji msukumo wa tani 8 tu kuendelea na safari. Kule juu kwenye km 11 hewa ni chini ya theluthi ya hii tunayoivuta hapa pwani, hivyo injini nazo zinatoa kiasi kidogo sana ukilinganisha na ardhini. Yale matani makubwa ya kwenye jedwali ni ya dakika chache za kuruka. Safari ya saa 15 inalipiwa na ulaji wa mafuta.

Kijana wa Ngamiani

Mkuu, shule nzuri, heshima kwako. Lakini hapo kwa Tu-160 umepita haraka. Tani 100 za msukumo ni kitu kingine. Ile ndege inakwenda mara mbili ya kasi ya sauti, B-52 itaiona wapi? Na masafa inayo pia.

Fundi wa Raskazone

Ngamiani, hilo swali nililisubiri. Tu-160 inastahili heshima yake. Injini zake nne za NK-32, za kiwanda cha Kuznetsov, kila moja inatoa tani 25, na hakuna ndege ya kivita iliyoingia kazini ikiwa na injini yenye msukumo mkubwa kuliko hiyo. Ila hizo tani 25 ni za aftabana, pale mafuta yanapomwagwa tena nyuma ya turbini na kuwashwa upya. Bila aftabana ni tani 14. Ile nyongeza ya tani 11 inatafuna mafuta kwa kiwango ambacho hakuna tangi linaloweza kukivumilia safari nzima.

Ndiyo maana hata wenyewe hawairushi hivyo. Safari yake ya masafa, karibu km 12,300, inafanyika chini ya kasi ya sauti, mabawa yakiwa yamefunguliwa na aftabana imezimwa. Mabawa yake yanakunjika kwa sababu hiyo hiyo: yaliyonyooka ni ya kuruka na kusafiri kwa uchumi, yaliyolazwa nyuma ni ya kukimbia kwa muda mfupi. Kwa hiyo ukitaka kujua inafikaje mbali, iangalie ile tani 14. Hiyo 25 inakueleza inavyopaa ikiwa na uzito wa tani 275 na inavyokimbia ikilazimika.

Linganisha na B-2, iliyoruka mara ya kwanza 1989. Injini nne za F118, kila moja pauni 17,300, hazina aftabana kabisa. Jumla ni nusu ya msukumo wa B-52, ndege ina tani 152 ikijaa, na inakwenda kama km 11,000 bila kuongezewa. Umbo lake ni bawa tupu, halina kiwiliwili wala mkia wa kuburuza hewa. Wamepunguza ukinzani, wakahitaji msukumo mdogo.

Mstaafu wa Chumbageni

Wanangu, nimeusoma uzi huu kwa furaha. Mimi nilifanya kazi ya ufundi uwanja wa ndege wa Embakasi, Nairobi, enzi za Shirika la Ndege la Afrika Mashariki. Tulikuwa na ndege za abiria za Super VC10, zilianza kufika mwaka 1966, injini nne zimekaa nyuma mkiani. Injini zile ni Conway za Rolls-Royce. Wengi waliopanda ndege zile kutoka Dar es Salaam au Nairobi hawakujua kwamba ukoo huo huo wa injini ulikuwa ukisukuma ndege ya mabomu ya Waingereza, Victor, toleo lake la pili.

Conway ndiyo injini ya kwanza duniani kuingia kazini ikiwa inapitisha sehemu ya hewa pembeni ya moto, jambo hilo analolieleza Fundi. Hewa ya pembeni haikuwa nyingi, chini ya ile ya ndani. Waingereza walitaka kuizika ndani ya shina la bawa, na bawa halina nafasi ya feni kubwa. Mtu akikuuliza kwa nini injini ile ilitangulia halafu ikapitwa, mwambie ni unene wa bawa.

Ndege yao nyingine, Vulcan, ilikuwa na injini ya Olympus, na Olympus ikakua mpaka ikaisukuma Concorde, ndege ya abiria iliyozidi kasi ya sauti. Mwaka 1982 Vulcan ilitoka kisiwa cha Ascension kwenda kupiga uwanja wa Port Stanley, visiwa vya Falklands, karibu km 6,300 kwenda tu. Zilihitajika Victor 11 za kubeba mafuta, nyingine zikiwapa mafuta wenzao, ili Vulcan moja ifike na kurudi. Victor hizo zilikuwa na Conway.

Fundi wa Raskazone

Shikamoo mzee wangu. Hapa umeleta dhahabu. Naomba wachangiaji wauone huo mfano wa 1982 kwa macho mawili. Vulcan haikupungukiwa msukumo hata kidogo, ilipanda na kukimbia vizuri kuliko ndege nyingi za ukubwa wake. Ilichokosa ni masafa, na pengo lake likazibwa na ndege 11.

Binti Pangani

Salaam kwa wote, wadogo kwa wakubwa. Mimi nafundisha fizikia sekondari na nina swali. Kama hewa nyingi kwa kasi ndogo ndiyo nafuu, basi pangaboi ndiyo mfalme. Warusi bado wanarusha Tu-95 yenye pangaboi. Lakini vitabu vinasema pangaboi inakufa ikikaribia kasi ya sauti. Tu-95 inawezaje kukimbizana na jeti?

Fundi wa Raskazone

Dada yangu, ningeweza kukesha hapa. Injini ya Tu-95 ndiyo ninayoipenda kuliko zote.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 Urusi ilitaka ndege ya kufika Marekani na kurudi. Mbunifu wa ndege Myasishchev akaja na M-4, jeti nne za AM-3, kila moja karibu tani 8.7. Ilipendeza, ilikuwa na nguvu, na haikuweza kwenda na kurudi kwa sababu zile turbojeti zilikula mafuta mno. Mwenzake Tupolev, aliyebuni Tu-95, akaenda njia ya turbini inayozungusha pangaboi. Ndege ya kwanza ya majaribio ilitumia injini pacha zilizounganishwa kwenye giaboksi moja, na Mei 1953 giaboksi ikavunjika angani, moto ukashika, ndege ikaanguka na watu wakafa. Tatizo lilikuwa kwenye gia na meno yake, chuma hakikuhimili nguvu iliyokuwa inapita pale. Ndege ya pili ikasubiri mpaka Februari 1955, ikaja na injini ya NK-12.

NK-12 inatoa karibu nguvu za farasi 15,000 kutoka shafti moja. Hebu fikiria giaboksi inayopokea hizo zote na kuzigawa kwa pangaboi mbili zilizokaa nyuma na mbele, zikizunguka kinyume. Ile ya mbele inaisokota hewa, ya nyuma inainyoosha, na nishati ambayo ingepotea kwenye msokoto inageuka msukumo.

Sasa swali lako la kasi. Pangaboi zina kipenyo cha mita 5.6, zinazunguka taratibu, kama mara 750 kwa dakika. Piga hesabu na wanafunzi wako: ncha inakwenda mita 220 kwa sekunde kwa kuzunguka. Ndege ikisafiri km 750 kwa saa, hiyo ni mita 208 kwa sekunde. Jumlisha kwa kanuni ya Pythagoras unapata karibu mita 303. Kule juu kwenye baridi kasi ya sauti ni kama mita 295. Kwa hiyo ncha zimevuka kidogo, na ndiyo asili ya ule mngurumo unaoifanya Tu-95 ijulikane kwa kelele kuliko karibu ndege zote. Hasara ipo, ila ni ya ncha tu, kipande kikubwa cha jani kiko chini ya kasi ya sauti. Wangeizungusha haraka zaidi, vitabu vyako vingekuwa sahihi na ndege isingefika popote. Ukubwa wa pangaboi na utaratibu wake ndivyo vilivyoiokoa.

Na bawa limelazwa nyuma kama la jeti. Ndiyo ndege pekee ya namna hiyo iliyodumu kazini miaka yote hii.

Pongwe Asilia

Fundi, joto je? Hapa kwetu saa saba mchana hata pikipiki inalalamika. Wakati wa vita za Iraki na Afghanistani hizi B-52 zilikuwa zinaruka kutoka kisiwa cha Diego Garcia, bahari yetu hii hii, mashariki yetu. Kule nako ni joto kama Tanga.

Fundi wa Raskazone

Swali la maana sana. Diego Garcia iko zaidi ya km 3,500 mashariki ya hapa, latitudo haitofautiani sana na yetu. Watengenezaji hupima msukumo kwenye nyuzi 15 usawa wa bahari. Hewa ya nyuzi 32 ni nyepesi kwa karibu asilimia 6. Injini inameza hewa pungufu, na joto la turbini linafika kikomo mapema, fundi hawezi kumwaga mafuta zaidi bila kuyaunguza majani ya turbini. Mabawa nayo yanapata hewa nyepesi, kwa hiyo ndege inahitaji kasi zaidi kabla ya kunyanyuka. Vyote vitatu vinakula barabara ya kurukia, na ile ya Diego Garcia ina zaidi ya mita 3,600. Kiwanja chetu cha Tanga kinachopokea ndege ndogo za pangaboi hakina habari na mambo hayo.

Kwa hiyo hapo msukumo una kauli yake. Ndege ikiwa ardhini, imejaa, joto kali, kila pauni inahesabika. Ikishapanda, hadithi inarudi kwenye ulaji.

Na kuna kitu kinanisisimua kuhusu kisiwa kile. Oktoba 2001 B-2 ilitoka Marekani, ikapiga Afghanistani na kutua Diego Garcia baada ya zaidi ya saa 44 hewani. Ikabadilisha marubani injini zikiwa zinaunguruma, ikaondoka tena kurudi kwao. Mafuta iliongezewa njiani mara kadhaa. Kwa injini, kufanya kazi mfululizo hivyo ni suala la bearingi na oili. Mafuta unaweza kupewa angani, oili ya injini huwezi. Sisi wa melini tunaielewa hofu hiyo.

Mvuvi wa Kigombe

Nimewasoma wote. Ninaomba tuseme na hili. Hizi injini zimebeba mabomu juu ya Vietnamu, Laosi, Kambodia. Na Diego Garcia ilikuwa na wenyewe, Wachagosi, waliondolewa kati ya 1968 na 1973 wakapelekwa Morisi na Shelisheli ili kambi ya kijeshi ya Marekani ijengwe. Watu wa mashamba ya nazi, na wakivua kama mimi. Tusizungumzie barabara ya mita 3,600 kana kwamba iliota yenyewe.

Fundi wa Raskazone

Ndugu yangu, nimekusikia na ninakubaliana nawe kila neno. Ninapenda injini, sipendi kilichofungwa chini ya bawa. Kisa cha Wachagosi kinapaswa kusomwa na kila mtu wa mwambao huu.

Niongeze hapo kitu kimoja cha injini. B-1 ya Marekani ilitengenezewa injini ya F101, zaidi ya pauni 30,000 ikiwa na aftabana. Kiini chake, yaani kompresa, chumba cha moto na turbini ya kwanza, kilikuwa bora kiasi kwamba General Electric na SNECMA ya Ufaransa walitaka kukijengea injini ya abiria. Serikali ya Marekani ilikataa mwanzoni kwa kuwa ni siri ya ndege ya mabomu, na suala likafika kwa marais Nixon wa Marekani na Pompidou wa Ufaransa walipokutana Reykjavík mwaka 1973. Likaruhusiwa. Wakakivua aftabana, wakakiwekea feni kubwa mbele, ikazaliwa CFM56. Hiyo ndiyo iliyo kwenye Boeing 737-800, zikiwemo za Kenya Airways. Kiini kile kile kilichokusudiwa mabomu, kwa feni tofauti, kimewabeba watu wengi kwenda kuzika na kuoa.

Kijana wa Ngamiani

Nimeelewa, mkuu. La mwisho: kama feni kubwa ndiyo mpango, kwa nini B-52 wasiondoe zile 8 wakaweka 4 kubwa za ndege za abiria? Nasikia wanazibadilisha sasa hivi na bado wanaweka 8.

Fundi wa Raskazone

Ni kweli. Septemba 2021 walichagua Rolls-Royce F130, ndege 76 mara injini 8, yaani 608, na za akiba juu yake. Ndege zikishabadilishwa zitaitwa B-52J. Injini hiyo ni ya ukoo wa BR700, ule wa ndege binafsi za matajiri kama Gulfstream. Hewa inayopita pembeni ni zaidi kidogo ya mara 4 ya ile ya motoni, badala ya 1.4. Msukumo wameuacha karibu pale pale, kwenye pauni 17,000. Sikilizeni hapo wakuu: wamewekeza mabilioni ya dola, na hawakuomba msukumo zaidi. Walichoomba ni kupunguza ulaji wa mafuta kwa karibu asilimia 30.

Injini 4 kubwa zimejadiliwa miaka mingi na zinakwama kwenye umbo la ndege yenyewe. Mabawa ya B-52 yamening'inia chini, feni kubwa ingekaribia kugusa lami. Mapacha ya injini yamekaa mahali ambapo bawa limepimwa kubeba uzito huo na kutulia upepo ukilitikisa, ukihamisha uzito unaanza hesabu ya bawa upya. Na usukani wa mkia wake ni mwembamba mno kwa ndege kubwa hivyo. Injini moja kati ya 8 ikizimika wakati wa kuruka, rubani anairekebisha. Ikizimika moja kati ya 4, tena ya nje, ndege inapinda kwa nguvu ambayo usukani ule haukujengwa kuishinda. Ungelazimika kubadilisha mkia pia.

Kwa hiyo 8 zinabaki 8, zikiwa na jenereta mpya za umeme, na Rolls-Royce wanasema zikishafungwa zinaweza kukaa kwenye bawa bila kushushwa kwa ukarabati mkubwa mpaka ndege yenyewe istaafu.